Mwaka Ambao Makamu Hakuwepo

Kwa miaka ishirini na miwili hakuna mwalimu aliyeingia katika shule ile bila kupita mbele ya macho ya Makamu. Alikuwa makamu wa mkuu wa shule, mtu mrefu, mkavu, suruali imepigwa pasi mpaka inakata, na kila asubuhi alisimama mlangoni mwa ofisi ya walimu, daftari la mahudhurio likiwa mezani pembeni yake. Saa yake ya mkononi ikifika moja na nusu, anachukua rula na kalamu nyekundu, anapiga mstari chini ya jina la mwisho. Ukiandika jina lako juu ya mstari, wewe ni mwalimu. Ukiandika chini yake, basi tena, una barua ya kujieleza ya kuandika kabla ya kipindi cha kwanza.

"Makamu, mtoto alikuwa na homa usiku kucha..."

"Usiniambie mimi. Andika."

Bwana yule neno la mdomo alikuwa hasikii kabisa. Na usidhani barua yenyewe alikuwa anaisoma. Anatazama mstari wa kwanza, penye saa ya kufika, anaweka tiki, anaitia kwenye faili. Yaliyobaki aliyaita hadithi, na hadithi, alisema, ni kazi ya mwalimu wa fasihi.

Sasa mwaka huo Makamu alikuwa anatimiza miaka sitini, na siku yenyewe ilimwangukia mwezi wa tano, katikati ya mwaka wa shule. Kulikuwa na waraka kuhusu watu kama yeye. Ulisema hivi: mwalimu anayefikisha umri wa kustaafu katikati ya mwaka ataendelea kufundisha na kulipwa mshahara kamili mpaka shule zifungwe, na kiinua mgongo na pensheni yake vitahesabiwa kuanzia siku hiyo ya kufunga, ilimradi daftari la mahudhurio lionyeshe kuwa miezi kumi na miwili iliyotangulia alikuwa kazini. Makamu mwenyewe aliusoma waraka huo kwenye kikao cha walimu, kwa sauti ya kutosha mtaa mzima. Alipofika penye "daftari la mahudhurio" aliinua kidole na kuwatazama mmoja mmoja.

"Mmesikia? Daftari. Mlikuwa mnadhani nawaonea."

Basi akalibeba daftari lake kwapani kama mtu anayepeleka mtoto ubatizo, akaenda ofisi ya pensheni.

Afisa wa pensheni alikuwa mama mmoja wa makamo, mnene, miwani ameining'iniza shingoni kwa uzi. Alilifungua daftari, akafunua, akafunua tena. Akavaa miwani. Akarudi ukurasa wa kwanza.

"Mzee, mbona sikuoni?"

"Hunioni vipi, mama? Si huyu hapa."

"Humu ndani. Jina lako."

Makamu akatabasamu lile tabasamu la kumwonea huruma mtu asiyejua mambo. "Aa, mama. Mimi sisaini. Mimi ndiye ninayesainisha."

"Husaini?"

"Nisaini ili nimwonyeshe nani? Mimi ndiye mwenye daftari."

Yule mama akavua miwani taratibu. "Kwa hiyo mwaka mzima hujaandika jina lako hata siku moja."

"Lakini tazama mistari hiyo! Kila siku! Imenyooka! Nani mwingine anaweza kupiga mstari kama huo?"

"Mzee wangu, mstari si mtu. Mstari hata mfagiaji anaweza kupiga akiamka vizuri." Akalifunga daftari, akaliweka mbele yake kwa heshima zote. "Kwa daftari hili wewe hukuwepo kazini mwaka mzima. Utaondoka siku yako ya kuzaliwa, mshahara wa mwaka huo utaurudisha, na kiinua mgongo chako kitahesabiwa bila huo mwaka, baada ya kukatwa unachodaiwa."

Makamu akahisi kiti kinazama. Akasema mkuu wa shule ataandika barua, walimu wote wataandika. Yule mama akatikisa kichwa. Barua za leo za kumsemea mtu alikuwa nazo kabati zima, maana kila mtu ana rafiki. Alichotaka ni kitu kilichoandikwa siku ileile, na mtu mwingine, kinachosema Makamu alikuwepo. Siku kwa siku. Na mwandishi aje mwenyewe aseme huu ni mwandiko wangu. Akampa wiki mbili.

Nyumbani mkewe alikuwa kwenye cherehani, kama kawaida. Mama huyu alishona nguo za watu kwa miaka thelathini, mpaka mgongo ukakataa kunyooka, na ahadi waliyopeana ilikuwa moja tu: kiinua mgongo kikitoka, ile nyumba iliyosimama kuta tupu itaezekwa, na yeye ataacha kushona. Alikuwa ameshawaambia wateja. Hata cherehani alikuwa ameshampata wa kumuuzia.

Alipoelezwa, alicheka. Alicheka mpaka akashika meza.

"Watu wote umewaandika, mwenyewe umejisahau! Baba watoto, wewe ni kiboko."

Halafu akamwona usoni, akaacha kucheka. "Hutanii."

"Sitanii."

Hofu ilikuwa imemshika Makamu kweli, na hakuwa mtu aliyezoea hofu, kwa hiyo hakujua aiweke wapi. Alikuwa anakunja na kukunjua kipande cha kitambaa cha mteja.

"Hebu kiache hicho, utakichafua," mkewe akasema. "Si kuna yule wa baiskeli anayekuandikia barua kila siku ya Mungu? Ndani ya hizo barua anasema nini?"

Makamu akafikiri. Kwa kweli hakujua.

Yule wa baiskeli alikuwa mwalimu wa jiografia, na shule nzima ilimwita Pancha. Jina lilimpata mwaka wake wa kwanza pale, alipochelewa akajieleza kwa pancha ya tairi la nyuma. Tangu hapo alikuwa chini ya mstari karibu kila siku, dakika tano, daima tano, hazizidi wala hazipungui. Na tazama mambo yalivyo: huyo Pancha, mchelewaji aliyeshindikana, hakuwa na tatizo lolote na pensheni yake. Jina lake lilikuwa kwenye daftari kila siku aliyokuja, chini ya mstari mwekundu, lakini lipo.

Kesho yake Makamu akamfuata kwenye ofisi ya walimu. Pancha alikuwa anakunywa chai. Kumwomba mtu jambo hakukuwa kazi rahisi kwa Makamu, maneno yalitoka kama anang'olewa jino. Alieleza yote, na walimu wengine wakajifanya wanasahihisha madaftari huku masikio yamesimama.

"Nikuombe tu, mwalimu mwenzangu. Twende wote. Jumatatu, saa mbili kamili."

Pancha akaweka kikombe chini. "Saa mbili ya nani?"

Ofisi nzima ikaangua kicheko. Makamu hakuelewa kilichochekesha, lakini hali aliyokuwa nayo haikumruhusu kuuliza.

Jumatatu alifika ofisi ya pensheni kabla geti halijafunguliwa, mafaili matatu ya barua za Pancha kifuani. Alisubiri. Saa yake ikasema mbili, Pancha hayupo. Ikasema mbili na dakika tano, hayupo. Makamu akaanza kutembea huku na huko, anasema peke yake. Mara baiskeli hiyo, Pancha anashuka bila haraka, anafunga mnyororo.

"Mbili na dakika kumi!" Makamu akafoka. "Hata leo? Hata leo, bwana?"

Redio ya mlinzi, pale kwenye kibanda, ikalia pi, pi, pi, na mtangazaji akasema sasa ni saa mbili kamili.

"Redio hizi za betri," Makamu akasema, "hazina kichwa wala miguu."

Wakaenda kukaa kwenye benchi la ukumbini. Afisa mwenyewe aliingia saa nne kasoro robo, na mfuko wa nyanya mkononi, akawaamkia vizuri tu. Makamu alifungua mdomo amdai barua ya kujieleza, akaufunga.

Siku za shule katika mwaka ule zilikuwa mia moja na tisini. Barua zilikuwa mia moja themanini na moja. Siku tisa zilizokosekana Pancha alikuwa kwenye msiba wa dada yake, na waraka uliruhusu mpaka siku kumi zisizo na ushahidi. Yule mama akasema inatosha, akachukua barua ya kwanza, akaanza kusoma kwa sauti, maana ndivyo alivyozoea.

"'Nimefika saa moja na dakika thelathini na tano kwa saa ya Makamu. Nimemkuta amesimama mlangoni, mikono nyuma, kama mtu anayesubiri jeneza lishushwe.'" Akakohoa. "Sawa. Ulikuwepo."

Akachukua nyingine.

"'Nimefika thelathini na tano kwa saa ya Makamu. Leo ana mafua, amepiga chafya tatu juu ya daftari. Pole yake.' Ulikuwepo."

"'Thelathini na tano kwa saa ya Makamu. Amevaa soksi mbili tofauti, moja kahawia, moja ya bluu. Ningemwambia, lakini hataki kuambiwa kwa mdomo.'"

Hapo yule mama akashindwa. Akamwita mwenzake wa chumba cha pili aje asikie, na mwenzake akaja na kiti. Wakasoma, wakafuta machozi. Makamu alikaa wima, masikio yanawaka moto. Mwaka mzima wa maisha yake ulikuwa unasomwa pale: lini alinyoa akajikata kidevu, lini alimkaripia mwalimu mjamzito na Pancha akaandika kuwa haikupendeza, lini alisimama mvuani bila mwavuli ili asiondoke mlangoni. Kila tiki yake nyekundu ilikuwa pale juu, mstari wa kwanza.

Kisha yule mama akasoma moja kimya, akaacha kucheka. Akaisoma kwa sauti.

"'Kwa redio ya taifa nimefika saa moja na dakika ishirini na tano, yaani nimewahi. Saa ya Makamu inakimbia dakika kumi. Naomba irekebishwe. Niliomba jana pia.'" Akafunua ya pili, ya tatu. "Hii pia. Na hii. Mzee, hii habari ya saa imo karibu kwenye zote. Ni kweli?"

Makamu akaitazama saa yake. Na hapo, jamani, kikamrudia kitu ambacho hakukifikiria kwa miaka mingi. Mwaka wake wa kwanza wa ualimu alichelewa siku moja, mbele ya mkaguzi, akaaibishwa mbele ya wanafunzi. Jioni ile aliisogeza saa mbele dakika kumi ili asichelewe tena maishani. Kila alipobadilisha betri alimwagiza fundi aiache hivyohivyo. Baadaye fundi akazoea, hakuhitaji kuambiwa, na Makamu naye akasahau. Kengele ya shule iligongwa kwa saa hiyo. Mistari ilipigwa kwa saa hiyo.

"Mbona hukuniambia?" akamgeukia Pancha.

"Nilikwambia kila siku. Kwa maandishi, kama ulivyotaka."

"Na wenzako? Wote hao wana simu!"

"Wenzangu wanatoka dakika kumi mapema jioni, Makamu. Nani akwambie?"

"Sasa wewe ungewahi tu hizo dakika tano, ukaepuka yote haya!"

"Nilikuwa nawahi," Pancha akasema. "Kazi inaanza saa moja na nusu. Nilikuwa nafika kabla."

Yule mama akasukuma rundo la barua mbele. Chini ya kila barua, alisema, Makamu aandike: nathibitisha yote yaliyomo ni kweli, kisha asaini.

"Yote?"

"Barua si kitambaa, mzee, haikatwi vipande. Ikiwa ni ya kweli, ulikuwepo, na saa yako ilikimbia. Ikiwa ni ya uongo, huyu bwana alichelewa, na wewe hukuwepo. Chagua."

Makamu alifikiria nyumba yenye kuta tupu. Akachukua kalamu. Alisaini mia moja themanini na moja, moja baada ya nyingine, na alipofika kwenye ile ya soksi alisita kidogo, akasaini hiyo nayo. Mkono uliuma. Yule mama akagonga muhuri, akamwambia hongera, sasa anatambulika kuwa alikuwepo, mshahara wake ni mpaka shule zifungwe na kiinua mgongo chake ni kamili.

Ingeishia hapo watu wote wangeenda kula. Lakini mama yule, kwa kuwa faili la Pancha nalo lilikuwa mezani kwa ajili ya kulinganisha mwandiko, akalifunua.

"Nawe unastaafu shule zikifungwa? Mbona cheo chako ni cha chini hivi?"

"Muulize yeye," Pancha akasema.

Mama hakuhitaji kuuliza. Fomu tatu za kupandishwa cheo zilikuwa humo, za miaka tofauti, zote zimerudishwa, na chini ya kila moja palikuwa na maoni kwa mwandiko uliosimama wima: Hafai. Anachelewa kupita kiasi. Makamu. Na kwa kuwa kiinua mgongo hupigwa hesabu kwa cheo cha mwisho, Pancha angeondoka na karibu nusu ya anachoondoka nacho Makamu, na pensheni yake ingekuwa hivyo mpaka anakufa.

Makamu alizitazama fomu zile. Aliona aibu, aibu hasa, ile inayomfanya mtu atamani kuwa mahali pengine popote. "Hii irekebishwe," akasema. "Andika hapo, nimekosea."

"Haiandikwi hivyo. Alalamike yeye, rasmi, dhidi yako, wote mkiwa bado kazini."

"Mimi sitaki kesi," Pancha akasema. "Nimechoka kuandika." Akasimama, akakung'uta vumbi la kofia yake, akatoka.

Makamu akamkimbilia mpaka nje, akamshika baiskeli. "Kwa nini sasa umekuja? Kwa niliyokufanyia, ungekaa nyumbani tu. Ningekwisha."

Pancha akamtazama kana kwamba swali lenyewe halikuwa na akili. "Si ulikuwepo? Nilikukuta pale kila siku. Niseme hukuwepo kwa sababu nimekukasirikia?" Akapanda baiskeli, akaondoka zake.

Makamu alimtazama mpaka baiskeli ikapinda kona. Kisha akarudi ndani. Yule mama alikuwa anamenya chungwa.

"Na aliyekosea mwenyewe, hawezi kujishtaki?"

Mama akaacha kumenya. Akafungua droo ya chini kabisa, akapekua, akatoa fomu moja iliyogeuka manjano. Kukiri Kosa la Kiutumishi, ndivyo ilivyoandikwa. "Mimi nipo hapa mwaka wa kumi na tisa," akasema. "Sijaona mtu anaijaza. Lakini nikwambie, mzee wangu, kabla hujashika kalamu. Ukiijaza hii, cheo cha mwenzako kitaangaliwa upya. Na wewe kiinua mgongo chako kinasimamishwa mpaka shauri liishe."

"Huchukua muda gani?"

"Mwaka. Miwili. Mimi ningekuwa wewe ningeenda nyumbani."

Makamu akavuta kiti. Fomu ilitaka jina la mlalamikaji, akaandika lake. Ilitaka jina la mlalamikiwa, akaandika lake. Mwisho ilisema ipitishwe na kusainiwa na makamu wa mkuu wa shule, akasaini hapo pia, na yule mama akatikisa kichwa lakini muhuri akagonga.

Jioni mkewe alimsikia mlangoni, akasimamisha cherehani. "Wamekubali?"

"Wamekubali kwamba nilikuwepo."

"Alhamdulillahi! Na hela?"

Ikabidi aeleze. Alieleza akiwa amesimama, kama mwanafunzi, habari ya saa, na fomu tatu, na fomu ya manjano. Hakuficha kitu. Alisema ahadi aliyompa ameivunja mwenyewe, kwa mkono wake, na anamwomba radhi. Mkewe alisikiliza mpaka mwisho. Macho yalimjaa machozi, na si kwa furaha, usije ukadanganyika. Alikuwa na hasira, na uchovu wa miaka thelathini, na macho yakamwenda kwenye bati moja la mfano lililoegemezwa ukutani, la kuezekea ile nyumba yao.

Kisha akalivuta gauni la mteja, akatafuta sindano ilipoishia.

"Huyo mtu ana mke?"

"Anaye."

"Wote wawili waje Jumapili tule pamoja. Mtu umemdhulumu miaka yote hiyo, hata chai hajawahi kunywa kwako."

"Niwaambie waje saa ngapi?" Makamu akauliza.

Mkewe akakanyaga cherehani. "Muulize yeye."